HAKIMU ANAPOKUJA SHAMBANI

(Haya ni maneno ya hotuba iliyosemwa Mahege mbele ya wenyeviti wa vijiji, walimu na wakulima. Msemaji alikuwa karani wa mabaraza ya ardhi kwa miaka mingi, na sasa amestaafu. Twayachapa yote, pamoja na maswali machache yaliyoulizwa mwishoni, kwa faida ya wasomaji ambao hawakuweza kuhudhuria.)



Nimeombwa niseme habari ya jambo moja tu, nalo ni hili: Mahakama au Baraza la Ardhi linapoondoka katika nyumba yake ya hukumu na kuja mpaka shambani, au linapomtuma mtu aje badala yake, ili kutazama mali inayogombaniwa katika daawa. Jambo hili hutokea mara kwa mara, lakini ni wachache wanaolifahamu vema. Wengi husema, "Hakimu amekuja, ameona kwa macho yake, basi mambo yamekwisha." Nami nataka kuwaambia leo ya kwamba hayajakwisha. Siku ile ya kutazama yaweza kumpa mtu haki yake, na yaweza vile vile kuiharibu kesi nzima hata ikarudi mwanzo.

Wahenga walisema, mwenye macho haambiwi tazama. Maneno haya ni kweli njiani na sokoni, lakini katika daawa si kweli. Hakimu ana macho, naye hana budi kuambiwa: aambiwe na shahidi aliyeapa, mbele ya pande zote mbili, na maneno hayo yaandikwe. Mkilishika neno hili moja, mengine yote nitakayosema ni maelezo yake tu.

KWA NINI MAHAKAMA HUTOKA

Tuseme watu wawili wana mashamba yaliyopakana. Mmoja tutamwita Mdai, na wa pili Mdaiwa. Mdai asema mpaka wao ni mstari wa minazi saba iliyopandwa na babu yake. Mdaiwa asema, la, mpaka ni kijito kilicho ng'ambo ya minazi hiyo, na minazi yenyewe ni mali yake. Kila mmoja aleta mashahidi watatu, na wote waapa. Hakimu aketi Kibiti, mbele yake pana meza na karatasi. Atajuaje kama kijito kile ni hatua tano kutoka katika minazi, ama ni hatua mia mbili? Atajuaje kama minazi ile imo katika mstari mmoja, au imetawanyika tu? Tena yatokea kwamba Mdai anasema habari za shamba moja, na Mdaiwa anasema habari za shamba jingine kabisa, wala hapana ajuaye mpaka siku wanaposimama mahali pale.

Sheria yenyewe yajaribu kuzuia matata haya tangu mwanzo. Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1966 yamtaka mtu anayedai ardhi aieleze katika hati yake ya madai kwa namna itakayowezesha kuitambua. Na kama ardhi ina namba ya hati iliyoandikishwa, aitaje namba hiyo. Mwenye shamba lisilopimwa hana namba. Kwa hiyo yampasa aeleze kijiji, kitongoji, ukubwa kwa kadiri anavyojua, na majirani wa pande zote nne. Kesi nyingi zimeanguka kwa sababu mtu aliandika "shamba langu la Mahege" na asiseme zaidi.

Katika nchi yetu hii taabu ni kubwa kuliko kwingine, kwa kuwa ardhi yetu haitulii. Mto Rufiji huchukua udongo hapa na kuutua pale. Wenzetu wa Mbuchi, Salale na Maparoni wajua jinsi mkondo uliopitisha majahazi zamani unavyoweza kujaa mchanga, na maji yakajifungulia njia mpya katikati ya mashamba ya mpunga. Watu wa bondeni wanaolima mlau baada ya maji kushuka wajua kwamba gharika moja hufuta alama za miaka kumi. Mwaka 2024, katika mwezi wa Aprili, tuliona mafuriko yalivyofunika mashamba ya Rufiji na Kibiti. Maji yalipoondoka, si kila mtu aliyeweza kunyosha kidole na kusema, "Changu kinaishia hapa."

Tena wazee wanakumbuka kwamba katika miaka ya 1968 na 1969, baada ya mafuriko makubwa, Serikali iliwahamisha watu wengi kutoka bondeni na kuwaweka vijijini katika nchi ya juu. Wengine waliacha miembe na minazi yao kule chini, na wajukuu wao leo wanakwenda kuitafuta. Mjukuu ajua jina la shamba, lakini hajapata kulala hapo hata usiku mmoja. Kesi ya namna hii haiwezi kukatwa vema kwa maneno matupu ya chumbani.

NJIA MBILI

Basi sheria imeweka njia mbili. Njia ya kwanza ni hakimu, au Mwenyekiti wa Baraza pamoja na wazee wa baraza, kuja mwenyewe. Njia ya pili ni Mahakama kumtuma mtu kwa hati yake. Njia hii ya pili imo katika Amri ya 26 ya Sheria ile ya mwaka 1966, wala si mpya. Ilikuwamo katika Kanuni ya Uhindi ya mwaka 1908, ambayo Waingereza waliitumia Tanganyika kabla hatujatunga sheria yetu wenyewe.

Mtu anayetumwa huchaguliwa kwa kadiri ya kazi. Kama swali ni mpaka uko wapi, Mahakama yaweza kumtuma mpima ardhi. Kama swali ni thamani ya minazi iliyokatwa au nyumba iliyobomolewa, yaweza kumtuma mthamini. Na tangu mwaka 2016 kazi ya uthamini ina sheria yake, na wathamini huandikishwa. Mtu huyu si hakimu. Hana ruhusa ya kusema nani ameshinda. Kazi yake ni kutazama, kupima, kuwauliza watu na kuandika majibu yao, kisha kurudisha kwa Mahakama taarifa iliyotiwa sahihi yake pamoja na ushahidi aliouchukua. Taarifa hiyo huwa sehemu ya ushahidi wa kesi. Na hili mlishike: kama taarifa ina jambo msiloridhika nalo, mwaweza kuiomba Mahakama imwite mtu huyo aulizwe maswali hadharani. Nimewaona watu wengi waliopokea taarifa ya mpima kama vile imeshuka kutoka mbinguni, wakarudi nyumbani wakilia, na hali swali moja tu lingeonyesha ya kwamba alianza kupima kutoka katika mti usiokuwa wenyewe.

HAKIMU ASIWE SHAHIDI

Sasa nitasema juu ya njia ile ya kwanza, maana ndiyo yenye hatari zaidi.

Mwaka 1980 Mahakama ya Rufani ya Tanzania, ambayo ilikuwa na umri wa mwaka mmoja tu, ilitoa hukumu inayotajwa mpaka leo kila mara jambo hili linapozuka. Ilisema kwamba hakimu asiende kutazama mahali pa ugomvi ila kwa sababu maalumu, kwa kuwa akienda aweza, pasipo kujitambua, kuacha kazi yake ya kuhukumu akawa shahidi. Fikirini vema jambo hili. Shahidi huapa, na huulizwa maswali na upande wa pili. Hakimu aliyejionea mwenyewe na kuyaweka moyoni, nani atamwuliza? Akisema katika hukumu, "Niliona shimo la zamani la choo, ndipo nikajua nyumba ilikuwa ya Mdai," Mdaiwa atasema lini kwamba shimo lile lilichimbwa na yeye?

Kwa hiyo Mahakama ile iliweka utaratibu, nami nitawapa kwa maneno yangu, mmoja baada ya mwingine.

Kwanza, Mahakama iende pamoja na pande zote mbili, na mawakili wao kama wanao, na mashahidi watakaohitajiwa kwa jambo lile.

Pili, yanayoonyeshwa na kusemwa pale yaandikwe.

Tatu, Mahakama irudi ikae katika baraza lake, na maandiko yale yasomwe mbele ya wote. Kila upande uulizwe kama una la kusahihisha au la kupinga, na maneno yao yatiwe humo pakiwa na haja.

Nne, mashahidi watoe ushahidi juu ya mambo yale. Na maandiko ya hakimu yawe ya kumsaidia kuuelewa ushahidi huo tu, si ya kusimama mahali pake.

Jirani zetu wa Uganda nao wameona vivyo hivyo. Mwaka 2007 Jaji Mkuu wao alitoa maagizo kwa mahakama kuhusu mashauri ya ardhi: pande zote ziwepo, ushahidi uchukuliwe papo hapo, upande wa pili uruhusiwe kuuliza, na yote yaandikwe pamoja na mchoro wa mahali penyewe. Wao huhimiza kwenda, na sisi huonya kwenda kwa tahadhari. Lakini katika namna ya kwenda, tumekutana.

Na mtu asidhani kwamba haya ni mapambo tu ya wanasheria. Mwaka 2019, Mahakama ya Rufani ilipokaa Dodoma, iliufuta mwenendo wote wa kesi moja ya ardhi pamoja na hukumu zake, tangu Baraza la Wilaya hata Mahakama Kuu. Makosa yalikuwa mawili: wazee wa baraza hawakushirikishwa kama sheria itakavyo, na ukaguzi wa mahali pa mgogoro haukufuata utaratibu niliowaeleza. Aliyeshinda mara mbili akajiona hana kitu mkononi.

KALAMU ILIKUWA MKONONI MWANGU

Ndugu zangu, nisije nikaonekana kama nawafundisha nikiwa juu ya mti, nitasimulia jambo lililonipata mwenyewe. Sitataja baraza, wala kijiji, wala mtu.

Nilikuwa karani kijana. Mama mmoja mjane alikuwa na daawa na jirani yake juu ya kipande cha mikorosho. Baraza likaamua kwenda kutazama. Siku ikapangwa, kisha ikabadilishwa kwa ajili ya mvua, na siku ile mpya mama hakuambiwa. Tulipofika, jirani alikuwa anatungoja. Alituzungusha shambani, akatuonyesha mti huu na mti ule, akatupa madafu tukanywa. Mimi nilibeba daftari. Nikaandika tarehe, nikaandika kwamba Baraza limefika na kutazama, basi. Sikuandika nani alikuwapo na nani hakuwapo. Sikuandika mti gani ulionyeshwa na nani. Hapana aliyeniambia niandike, nami sikuuliza.

Mama akashindwa. Akakata rufani, na huko akasikilizwa. Wakasema ukaguzi ule si kitu, kesi ianze upya. Watu wakampongeza. Lakini tangu siku ile ya madafu hata siku kesi ilipoanza tena ilikuwa imepita miaka sita. Alikuwa na wazee wawili waliokuwapo mumewe alipopanda mikorosho ile. Mmoja alikuwa amekwisha kufa, na wa pili alikuwa hawezi tena kuona wala kukumbuka. Mama akaja barazani peke yake, na haki yake mkononi, wala hana wa kumsemea.

Mistari kumi ya maandiko siku ile, pamoja na kumngoja mama yule afike, ingetosha. Kalamu ilikuwa mkononi mwangu. Ndiyo sababu mlipotuma mtu kuniita nilikubali mara moja.

MITI NAYO HUSEMA

Watu huniuliza, je, basi hakimu atazame nini? Nami hujibu: atazame vile ambavyo mashahidi wamevitaja, avilinganishe.

Katika nchi yetu mti ni alama kuliko jiwe. Minyaa iliyopandwa kwa mstari, au mibono, hupandwa na mtu kwa makusudi. Haijioteshi yenyewe katika mstari ulionyoka. Mkorosho huanza kuzaa katika mwaka wa tatu au wa nne, lakini mkorosho wenye shina la kukumbatiwa na watu wawili haukupandwa juzi. Mnazi mrefu wa pwani huanza kuzaa baada ya miaka sita au zaidi, na makovu ya makuti katika shina lake humsaidia mjuzi kuukadiria umri. Jambo hili lina faida kubwa, maana kwa Sheria ya Ukomo ya mwaka 1971, anayetaka kurudishiwa ardhi yampasa afungue madai kabla ya miaka 12 kupita tangu haki yake ya kudai ilipoanza. Mtu akisema, "Huyu ameingia shambani kwangu mwaka uliopita," na ndani ya shamba pana minazi ya mwenzake ya miaka ishirini, mnazi umesema neno.

Lakini mti husema umri wake tu. Hausemi nani aliupanda, wala kama alipanda kwa ruhusa, au kwa kuazimwa, au kwa kununua. Hayo husemwa na watu. Kwa hiyo hakimu akiuona mti, hana budi kuuliza: nani aujua mti huu? Na anayejibu awe ameapa.

Na kwa wenzetu wa Delta nina neno moja zaidi. Mwombeni hakimu achague siku kwa kufuata maji. Akija wakati wa bamvua, maji yakiwa yamejaa, ataona bahari tupu mahali penye tuta la mpunga. Mahakama haijui habari za kupwa na kujaa mpaka iambiwe, na kumwambia hakimu jambo hilo mapema, mbele ya upande wa pili, si kosa wala si upendeleo.

WAJIBU WA KILA MTU

Nitamaliza kwa kusema yanayotupasa sisi wenyewe, kwa maana si makosa yote ni ya mahakimu.

Wenyeviti na watendaji wa vijiji: barua ya ukaguzi ikifika kwenu, hakikisheni kwamba pande zote mbili zimeijua siku. Mkiona upande mmoja haupo, semeni kwa sauti kabla kazi haijaanza, na ombeni neno hilo liandikwe. Tena msisimame upande wa ndugu au wa rafiki. Mkiitwa kuwa mashahidi, mtasema baada ya kuapa. Msijitolee kumwongoza hakimu shambani kama wenyeji wanaomtembeza mgeni.

Majirani: ninyi ndio mpaka wenyewe. Aliye upande wa mashariki, na wa magharibi, na wa kusini, na wa kaskazini, wajua zaidi kuliko karatasi. Msikimbie siku ile kwa kuogopa uadui. Na aliye mzee asingoje kesi ya mtoto wake. Awachukue wajukuu wangali vijana, awatembeze mpakani, awape majina ya miti. Kuwaandikia ni bora zaidi.

Walimu: watu huwaleteeni barua zao mzisome na kuziandika. Mtu akija kuandikiwa madai ya shamba, msikubali kuandika kabla hajawatajia majirani wote wanne na alama za mipaka. Mkiweza, chora naye ramani ndogo, hata kama ni ya penseli.

Wenye kesi wenyewe: fedha ya safari ya Mahakama, kama mkiagizwa kutoa, itoeni mahakamani na mpewe stakabadhi. Asiwepo mmoja wa kumpakia hakimu katika gari lake peke yake, wala wa kumpikia. Huenda hapana ubaya moyoni, lakini mwenzako akiona moshi jikoni kwako siku ile, hataamini hukumu hata ikiwa ya haki. Mkiwa shambani, jibuni mnaloulizwa na mwonyeshe mnaloambiwa mwonyeshe. Mkirudi barazani, sikilizeni maandiko yakisomwa. Kama yameandikwa "minazi saba" na ninyi mlionyesha minane, semeni pale pale. Aliyenyamaza siku ile atapata taabu kusema katika rufani.

Tena kumbukeni kwamba Mahakama si mahali pa kwanza. Kila kijiji chapaswa kuwa na Baraza la Ardhi lenye watu saba, na watatu kati yao wawe wanawake, ambao kazi yao ni kusuluhisha. Baraza la Kata lilikuwa likihukumu, lakini kwa mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 limeachiwa usuluhishi tu, na usuluhishi huo usipofaulu ndani ya siku 30, shauri laweza kupelekwa Baraza la Wilaya. Wazee wa usuluhishi nao waweza kwenda kuutembea mpaka pamoja na wagomvi wote wawili, mchana kweupe. Na mara nyingi ugomvi huishia hapo, kwa sababu ni vigumu mtu kusema uongo akiwa amesimama juu ya udongo wenyewe, na jirani zake wote wakimtazama.

Hayo ndiyo niliyokuwa nayo. Mungu awape mipaka iliyo wazi na majirani wema.

MASWALI

Mzee mmoja aliuliza: Nikiamka siku ya ukaguzi nikakuta mwenzangu ameng'oa minyaa usiku, nifanye nini?

Jibu: Usiirudishie wewe mwenyewe, maana watasema umepanda mpaka mpya. Mwite Mwenyekiti na watu wawili watazame mashimo, na mtoe habari Polisi, kwa kuwa kuondoa alama halali ya mpaka kwa nia ya kudanganya ni kosa la jinai. Kisha mwonyeshe hakimu mashimo yale, na uombe yaandikwe. Na kama waona mapema kwamba mwenzako anakata miti au anajenga kesi ikiendelea, iombe Mahakama itoe zuio la muda.

Mwalimu mmoja aliuliza: Siku hizi simu hupiga picha na huonyesha mahali tulipo. Je, hakimu ana haja gani ya kuja?

Jibu: Picha ni msaada mkubwa, na tangu mwaka 2015 sheria imekubali ushahidi wa kielektroniki, ikiwa uhalisi wake waonekana. Lakini picha nayo yahitaji mtu wa kuisemea: nani aliipiga, lini, na amesimama wapi. Na simu ya kawaida yaweza kukosea kwa hatua kadha wa kadha. Mahali ambapo ugomvi wenyewe ni wa hatua tatu, kosa hilo ni shamba zima. Pigeni picha, wekeni tarehe, lakini msiwaache wazee nyumbani.

Mama mmoja aliuliza: Je, mimi mwenye kesi naweza kuiomba Mahakama ije kutazama, au ni mpaka hakimu apende?

Jibu: Waweza kuomba, na hakimu aweza kukubali au kukataa. Usiseme tu, "Njoo uone." Mwambie jambo lenyewe lisiloweza kufahamika kwa maneno, kwa mfano umbali wa kijito kutoka katika minazi, nawe umtajie shahidi atakayelionyesha. Naye akikubali, shika neno moja: usiondoke nyumbani siku ile kwenda popote mpaka wafike, na wakifika, uwe wa kwanza kuuliza kama karani ana kalamu.